Emin Pasha na Macho Yake

Kila askari wa lindo anajua jinsi kisiki kinavyogeuka mtu usiku. Sisi tulio Pajulu twamkumbuka Emin Pasha, gavana aliyekaa Wadelai, humu humu Nile Magharibi. Wengi walimdhania Mturuki. Kumbe alizaliwa Silesia mwaka 1840, jina lake Eduard Schnitzer. Yeye mwenyewe aliona kwa taabu, akivileta vitu karibu na pua. Pengine ndiyo maana aliandika kila kitu. Mnamo 1888 askari wake walimwasi, wakamfunga Dufile, akaokoka. Desemba 1889, katika karamu ya Bagamoyo, yasemekana alidhani dirisha ni roshani. Alianguka chini, akaumia vibaya kichwani. Stanley, aliyetumwa kumwokoa, alikuwa karamuni humo humo.