Aimé Behaeghe, Rubani wa Ziwa Tanganyika

Mhariri ameniomba niandike habari za mtu mmoja mashuhuri ambaye maisha yake yana funzo kwa vijana walioko shuleni. Huenda wengi mlitazamia niandike juu ya mmoja wa Baami wa Heru, au juu ya kiongozi wa taifa. Nimemchagua mgeni, tena askari wa dola iliyokuja kututawala, na sababu ninayo. Nilifundisha fizikia miaka mingi, na mara kwa mara niliwasikia wanafunzi wakisema kuwa habari za ndege ni za Ulaya na Marekani, sisi wa Buha kazi yetu ni kuzisoma tu. Jambo hilo si kweli. Mwaka 1916 ndege za kivita zilijaribiwa juu ya ziwa letu, katika hali ambayo watengenezaji wake hawakuizoea.

Aimé Behaeghe alizaliwa mwaka 1890 katika kijiji cha Kachtem, Flanders ya Magharibi, nchini Ubelgiji. Alikuwa mtoto wa miaka 13 ndugu wawili wa Wright waliporusha ndege yao ya injini kule Marekani mwaka 1903. Alijifunza urubani kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, wakati ambapo kila aliyepanda ndege alikuwa mjaribuji, apende asipende. Vita vilipoanza mwaka 1914 akawa rubani wa jeshi la nchi yake, na baadaye akajitolea kwenda Kongo ya Kibelgiji.

Hapa yafaa tueleze kwa nini ndege zilihitajika huku. Reli ya kati ilikuwa imefika Kigoma mwaka 1914. Kwa reli hiyo Wajerumani walileta vipande vya meli iliyojengwa Papenburg, wakaviunga Kigoma, na mwaka 1915 meli ya Graf von Götzen ikaanza kazi. Ilikuwa kubwa kuliko chombo chochote cha adui zao ziwani, na juu yake waliweka mzinga mmoja uliotolewa katika manowari Königsberg, iliyoangamizwa katika delta ya Rufiji Julai 1915. Waingereza walileta mashua mbili ndogo, Mimi na Toutou, zilizoiteka Kingani Desemba 1915, na Mimi ikashiriki kuizamisha Hedwig von Wissmann Februari 1916. Lakini Götzen hawakuigusa. Wabelgiji wakaona dawa yake ni ndege, wakapata nne kwa Waingereza.

Ndege hizo ziliitwa Short 827. Zilikuwa za mbao na kitambaa, zenye mabawa mawili, moja juu ya jingine, na maboya ya kutua majini. Kila moja ilichukua watu wawili na injini ya nguvu ya farasi 150. Zilifungwa katika makasha, zikavushwa bahari hadi Matadi, kisha zikasafirishwa kwa garimoshi na kwa meli za mto Kongo, zikishushwa na kupakiwa tena kila njia ilipobadilika, hadi ufukoni mwa Tanganyika. Kamanda wa kikosi alikuwa de Bueger, na miongoni mwa wenzake Behaeghe walikuwamo Orta na Collignon.

Sasa, ndugu wanafunzi, fikirini tatizo lenyewe. Ziwa Tanganyika liko mita 770 hivi juu ya usawa wa bahari. Katika kimo hicho, na katika joto la nyuzi 30, hewa ni nyepesi kuliko ile ya pwani ya Uingereza kwa zaidi ya sehemu moja katika kumi. Bawa hupata nguvu ndogo ya kuinua, pangaboi halishiki vizuri, na injini nayo huvuta hewa pungufu. Ndege inayoruka bila taabu kule, hapa yaweza kukimbia juu ya maji mpaka rubani akate tamaa. Waingereza walikwisha kuonja shida ya joto huko Rufiji mwaka 1915, ndege zao za majini ziliposhindwa kuinuka na mzigo wa mabomu. Zaidi ya hayo, mawimbi ya Tanganyika huweza kuvunja maboya. Kwa hiyo kituo kilijengwa Mtoa, kaskazini ya Albertville, mji unaoitwa Kalemie leo, mahali penye maji yaliyokingwa na upepo.

Hapakuwa na kitabu cha kumwongoza rubani juu ya ziwa hili. Jibu lilipatikana majini, kwa kuwasha injini na kujaribu. Mei 1916 ndege ikaruka, na Behaeghe anahesabiwa kuwa rubani wa kwanza kuruka katika Afrika ya Kati.

Katika Juni na Julai mwaka huo marubani wa Mtoa walivuka ziwa wakaishambulia Kigoma. Behaeghe, akiwa na Collignon kama mtazamaji wake, aliiendea Götzen bandarini. Safari hiyo ilikuwa ya zaidi ya kilomita mia moja juu ya maji matupu, kwa injini moja. Injini ikizimika, rubani hana pa kutua ila ziwani, upande wa adui.

Je, alifaulu? Hapa napenda tuwe wakweli. Mabomu yale madogo hayakuizamisha Götzen. Na ule mzinga mkubwa ulikuwa umekwisha kuondolewa kwa ajili ya vita vya nchi kavu, mahali pake pakawekwa gogo lililochongwa mfano wa mzinga. Wajerumani wenyewe ndio walioizamisha meli tarehe 26 Julai 1916, baada ya kuzipaka mashine zake grisi, kwa kuwa majeshi ya Wabelgiji yalikuwa yanakuja kutoka Burundi kupitia nchi yetu ya Buha. Siku mbili baadaye Kigoma ikatwaliwa. Waingereza waliiibua meli mwaka 1924, na tangu 1927 inaitwa Liemba, jina ambalo kila mtu wa Kigoma analijua.

Behaeghe hakuuona mwisho wa vita. Tarehe 3 Desemba 1916 alifariki kwa ugonjwa huko Niemba, ndani ya Kongo, akiwa na umri wa miaka 26. Ziwa halikummeza wala risasi hazikumpata.

Kwa maoni yangu, kazi yake kubwa ilifanyika Mtoa zaidi ya Kigoma. Mabomu yalibadili machache, lakini majaribio yale yalionyesha kwamba ndege yaweza kufanya kazi katika joto na kimo cha bara letu. Alilipata jibu hilo kwa kujaribu, mahali ambapo kukosea kungeweza kumgharimu uhai.

Liko jambo moja linalonisumbua. Jina la Behaeghe limeandikwa, nami nimelisoma. Lakini makasha, mapipa ya petroli na mabomu havikujibeba. Katika vita vile pande zote ziliwachukua Waafrika kwa maelfu kuwa wapagazi, na wengi walikufa kwa maradhi kama yeye, bila majina yao kuandikwa popote. Baada ya vita Wabelgiji walibaki wakiitawala Buha hadi 1921, na wazee waliendelea kusimulia.

Basi nawaomba wanafunzi wa sasa, likizo ijayo, waulizeni wazee wa Kasulu na Kibondo kama katika ukoo wao lipo jina la mtu aliyechukuliwa upagazi katika vita ile. Liandikeni, pamoja na kijiji chake, mlilete maktaba ya shule. Nasi tuliokwisha kumaliza tufanye vivyo hivyo kabla ya mkutano wetu ujao.