Ghazi Evrenos: Upanga Ulipita, Sadaka Ikabaki



Ndugu Waislamu, wengi wetu tumesikia habari za masultani wa Dola ya Uthmaniya, lakini ni wachache wanaowajua maamiri waliolinda mipaka yake ilipokuwa ingali changa. Mmoja wao ni Ghazi Evrenos.

Alimtumikia Sultani Murad I, kisha mwanawe, Bayezid I, akiongoza wapanda farasi katika nchi ambazo leo ni kaskazini mwa Ugiriki. Bayezid alipotekwa na Timur katika vita vya Ankara mwaka 1402, wanawe waligombania ufalme mpaka mwaka 1413, Waislamu wakamwaga damu ya Waislamu wenzao. Evrenos aliishi hadi fitina hiyo ikazimika. Alifariki mwaka 1417 akazikwa Yenice, mji aliouanzisha mwenyewe, ambao sasa waitwa Giannitsa.

Hata hivyo, hatukumchagua leo kwa ajili ya vita vyake. Katika mji wa Komotini alijenga imareti, yaani nyumba ya kuwalisha maskini na wasafiri bila malipo. Mali nyingi aliziweka wakfu, na wazao wake wakawa wasimamizi.

Wanawe na wajukuu wake nao walikuwa maamiri. Lakini mipaka iliposogea mbali, haja ya wapiganaji wa mpakani ilipungua, na heshima ya ukoo ikashuka. Kilichowaweka Yenice kwa karne kadhaa ni wakfu wa babu yao, wala si upanga wake. Mwaka 1912 Wagiriki waliuteka mji huo, na mkataba wa mwaka 1923 ukawahamishia Uturuki Waislamu wa eneo hilo. Wazao wa amiri wakawa raia kama raia wengine.

Imareti ile ingali imesimama, ingawa sasa ni jumba la makumbusho. Jengo hubadilika matumizi, lakini ujira wa kila tonge lililoliwa pale hauko mikononi mwa wanadamu.

Mtume (S.A.W.) ametufundisha kuwa sadaka yenye kuendelea ni miongoni mwa amali zisizokatika mtu anapofariki. Basi tujiulize, wazazi wenzetu: tunawaachia watoto wetu mali ya kugombania mahakamani, au kheri watakayoisimamia pamoja? Cheo cha baba hakirithiki daima.