Rashidi Kawawa, Mchezaji wa Sinema

Ndugu msomaji, bila shaka umesikia jina la Rashidi Mfaume Kawawa. Watu walimwita Simba wa Vita. Je, unajua kwamba kabla ya kuwa kiongozi alikuwa mchezaji wa sinema?

Kawawa alizaliwa Songea mwaka 1926. Baba yake alikuwa mwindaji wa tembo. Alisoma shule ya serikali ya Tabora, shule aliyosoma pia Mwalimu Nyerere. Alipomaliza, angeweza kwenda Chuo cha Makerere, Uganda. Hakwenda. Alitafuta kazi ili awasomeshe wadogo zake.

Aliajiriwa katika idara ya ustawi wa jamii. Wakati ule Tanganyika haikuwa na televisheni. Sinema ilikuja vijijini kwa gari. Kitambaa cheupe kilitundikwa, na watu wakaketi chini wakatazama. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, kampuni ya Johannesburg ilitengeneza sinema za Kiswahili hapa nchini. Kawawa alicheza katika Muhogo Mchungu na Chalo Amerudi. Basi watu wakamwona Mwafrika mwenzao, akisema lugha wanayoielewa.

Mwaka 1955 wafanyakazi waliunda shirikisho la vyama vyao, TFL. Kawawa akawa Katibu Mkuu. Mwaka uliofuata aliacha kazi ya serikali, na mshahara wake akauacha. Alichagua kupigania haki za wafanyakazi na uhuru wa nchi.

Tulipata uhuru tarehe 9 Desemba 1961. Wiki sita tu baadaye, Mwalimu alijiuzulu uwaziri mkuu ili akaimarishe chama cha TANU. Nchi ilikuwa changa. Nani ataishika? Mwalimu alimkabidhi Kawawa. Desemba 1962 nchi ikawa Jamhuri, na Mwalimu akawa Rais. Kawawa hakung'ang'ania kiti cha juu. Akawa Makamu wa Rais.

Kuanzia mwaka 1972 hadi 1977 alikuwa tena Waziri Mkuu. Mwaka 1974 watu wengi wa mkoa wa Shinyanga walihamishiwa katika vijiji. Runzewe yetu wakati ule ilikuwa katika mkoa huo. Wako waliopata shule na zahanati karibu. Wako pia walioacha nyumba na mashamba yao bila kupenda. Hayo nayo ni sehemu ya maisha ya Kawawa.

Alifariki tarehe 31 Desemba 2009.

Ndugu msomaji, katika sinema kila mchezaji hupewa sehemu yake. Katika uongozi, Kawawa alipopewa sehemu ya kwanza aliishika, na alipopewa ya pili hakununa. Katika kijiji chako, mwenyekiti ni mmoja tu. Lakini bila katibu, mgambo na mweka hazina, kazi ya kijiji italala.

Maswali

1. Kwa nini Kawawa hakwenda Makerere?
2. Sinema zilifikaje vijijini zamani?
3. Zungumzeni darasani: Je, ni vigumu kurudisha cheo ulichokabidhiwa? Kwa nini?