Ali Farka Touré, baba aliyemkataza mwanawe muziki

Kunako mwezi wa tisa mwaka wa 2022, mwanamuziki wa Mali Vieux Farka Touré alitoa albamu yenye jina fupi: Ali. Ni nyimbo 8 alizorekodi pamoja na kundi la Khruangbin kutoka Texas, Marekani, kwa heshima ya baba yake, hayati Ali Farka Touré. Lakini mzee huyo hakutaka kamwe mwanawe aingie katika muziki.

Ali alizaliwa mwaka wa 1939, kandokando ya mto Niger. Mama yake alikuwa amezaa watoto tisa mbele yake, na wote walifariki wangali wadogo. Huyu wa kumi alipobaki hai, walimpa jina la Farka, maana yake punda, mnyama mgumu asiyechoka upesi.

Alikulia Niafunké, akilima shamba bila kusoma shule. Jamaa yake haikuwa ya ukoo wa waimbaji, na kwao muziki haukuwa kazi ya kila mtu. Hata hivyo alijifunza mwenyewe kinanda cha uzi mmoja, kisha gitaa. Alikuwa dereva, halafu fundi wa sauti kwenye Radio Mali mjini Bamako.

Albamu Talking Timbuktu ya mwaka wa 1994, aliyofanya na Mmarekani Ry Cooder, ilimpa tuzo la Grammy. Pamoja na sifa hiyo, aliendelea kujiita mkulima. Feza za muziki aliziingiza katika kumwagilia mashamba ya Niafunké, na mwaka wa 2004 akawa meya wa mji huo.

Kwa kuwa alijua namna wanamuziki wanavyodanganywa malipo yao, alitaka Vieux awe askari. Kijana akajifunza gitaa kwa siri. Toumani Diabaté, mpigaji kora na rafiki wa familia, ndiye aliyemwombea kwa mzee. Ali akakubali mwishoni, hata akapiga gitaa katika albamu ya kwanza ya mwanawe, wakati kansa ya mifupa ilikuwa imekwisha kumdhoofisha.

Alifariki Bamako mwezi wa tatu mwaka wa 2006, akazikwa Niafunké. Miaka 16 baadaye, nyimbo zake zilirudi duniani kupitia mikono ya yule aliyemkataza kushika gitaa.