Edith Head, Mwalimu Aliyewavisha Wacheza Sinema

Sisi wa Bariadi na mkoa mzima wa Simiyu tunaijua pamba tangu mbegu mpaka gunia. Leo tunawasimulia habari za mwanamke ambaye kazi yake ilianzia pale yetu inapoishia, yaani kwenye kitambaa.

Edith Head alizaliwa tarehe 28 Oktoba, 1897, huko San Bernardino, California, nchini Marekani. Baba yake wa kambo alikuwa mhandisi wa migodi, na sehemu ya utoto wake ilipita katika kambi za wachimba madini za Nevada, nchi kame na ya upweke. Alisoma lugha, akapata shahada katika Chuo Kikuu cha California mwaka 1919, na ya pili Stanford mwaka 1920.

Kisha akashika chaki. Alifundisha Kifaransa huko La Jolla, katika shule ya wasichana iliyoanzishwa na Kanisa la Episcopal, ndugu zetu wa Ushirika wa Kianglikana, na baadaye katika shule nyingine ya wasichana mjini Hollywood. Huko alitakiwa afundishe na kuchora pia. Kwa kuwa hakuwa hodari wa kuchora, alijiandikisha katika masomo ya jioni. Sisi tuliopata kufundisha tunaelewa maana ya kulitangulia darasa kwa somo moja tu.

Mwaka 1924 alikwenda kuomba kazi ya kuchora mavazi katika kampuni ya sinema ya Paramount. Alibeba michoro mizuri ya kila aina, lakini mingi ilikuwa ya wanafunzi wenzake. Akaajiriwa. Ukweli ulipojulikana, mkuu wake, Bwana Howard Greer, hakumfukuza, bali alimfundisha. Naye alijifunza kwa bidii, hata mwaka 1938 akawa mkuu wa idara hiyo.

Kazi yenyewe haikuwa ya kushona tu. Alisoma kwanza mchezo wote, ajue kama mhusika ni tajiri au fukara, ana furaha au msiba. Ndipo alipochora na kuchagua kitambaa. Mafundi wakakata na kushona, na mchezaji akapimwa tena na tena. Kwa kuwa filamu nyingi zilikuwa nyeusi na nyeupe, alivaa miwani ya vioo vya buluu ili aone rangi zitakavyotokea. Mwaka 1936 alimvisha Dorothy Lamour kitambaa cha kujifunga mwilini, mfano wa kanga zetu, na mtindo huo ukapendwa sana. Hata ile filamu ya Hatari!, iliyopigwa hapa kwetu Tanganyika na kuonyeshwa mwaka 1962, mavazi yake yalikuwa chini ya Edith.

Jina lake lilipendekezwa mara 35 kwa tuzo ya Oscar, akashinda mara 8. Hakuna mwanamke mwingine aliyefikia hesabu hiyo. Lakini tuzo moja ina doa. Katika filamu ya Sabrina ya mwaka 1954, baadhi ya nguo zilizosifiwa zaidi zilibuniwa na Mfaransa Hubert de Givenchy. Jina la Givenchy halikuandikwa katika filamu, na Edith akaipokea tuzo peke yake.

Mwaka 1967 alihamia kampuni ya Universal, akafanya kazi mpaka alipofariki tarehe 24 Oktoba, 1981, akiwa na miaka 83.

Hatumhukumu marehemu. Bidii yake ni mfano kwa vijana, hasa mabinti wanaojifunza cherehani. Lakini yeye aliyesamehewa kwa michoro ya wenzake angeweza, siku ya heshima yake, kumtaja mwenzake. Kila vazi zuri lina mkulima, mfumaji, mkataji na mshonaji. Tukisifiwa kwa kazi ya mikono mingi, tusione haya kuwataja wenye mikono hiyo.