Deborah Kerr: Aliikosa Oscar mara sita, ikamfuata uzeeni

Na Mwandishi Wetu

USIKU wa Machi 21, 1994, wageni waliofurika katika ukumbi wa tuzo za Oscar jijini Los Angeles, Marekani, walisimama kumpigia makofi mwanamke wa miaka 72 ambaye umri ulikuwa umeanza kumtupa mkono.

Huyo alikuwa Deborah Kerr, mwigizaji wa Uingereza aliyekuwa ameteuliwa mara sita kuwania tuzo ya mwigizaji bora wa kike, na mara zote sita akarudi nyumbani mikono mitupu. Usiku huo alikabidhiwa Oscar ya heshima.

Kerr alizaliwa Septemba 30, 1921 mjini Glasgow, Scotland. Ndoto yake ya kwanza ilikuwa kucheza baleti, lakini baadaye aligeukia uigizaji. Nyota yake iling'ara mwaka 1943 katika filamu ya The Life and Death of Colonel Blimp, ambamo aliigiza wanawake watatu tofauti.

Mwaka 1947 aliigiza kama mkuu wa watawa katika Black Narcissus, na mwaka huohuo akaanza kuonekana katika filamu za kampuni ya MGM ya Hollywood. Huko alikutana na kikwazo. Wakubwa wa studio walimwona kuwa bibi mstaarabu wa Kiingereza, hivyo wakampa nafasi za wanawake wapole, zisizomdai mengi zaidi ya kupendeza.

Ni katika kipindi hicho alipofika Afrika Mashariki. Filamu ya King Solomon's Mines ya mwaka 1950, aliyoigiza na Stewart Granger, ilipigwa Kenya, Uganda, Tanganyika na Kongo ya Wabelgiji, na ikatwaa Oscar mbili, za upigaji picha na uhariri.

Mwaka 1953 alivunja minyororo hiyo. Katika From Here to Eternity aliigiza kama mke wa ofisa wa jeshi anayetoka nje ya ndoa, na tukio lake ufukweni akiwa na Burt Lancaster likawa miongoni mwa matukio mashuhuri zaidi katika historia ya filamu.

Filamu hiyo ilizoa Oscar nane. Frank Sinatra na Donna Reed walipata zao, Kerr akaambulia patupu.

Hali hiyo ilijirudia. Mwaka 1956 aliigiza katika The King and I kama mwalimu katika jumba la mfalme wa Siam. Yul Brynner akatwaa Oscar, yeye akaikosa, ingawa alipata tuzo ya Golden Globe. Mwaka 1958, katika Separate Tables, David Niven na Wendy Hiller walishinda, Kerr akabaki akiwapongeza.

Huenda jibu la fumbo hilo limo katika uigizaji wake wenyewe. Kerr hakuwa mtu wa kupiga kelele wala kumfunika mwenzake. Alibeba hisia kwa macho na ukimya, na aliyesimama mbele yake ndiye aliyeonekana kung'aa.

Mwishoni mwa miaka ya 1960 alijitenga na filamu, akarejea kwenye jukwaa la tamthilia. Miaka ya 1980 aliibukia kwenye televisheni, na mwaka 1985 aliteuliwa kuwania tuzo ya Emmy kwa nafasi yake katika A Woman of Substance.

Miaka yake ya mwisho aliugua ugonjwa wa Parkinson. Alifariki dunia Oktoba 16, 2007 huko Suffolk, Uingereza, akiwa na umri wa miaka 86. Mumewe, mwandishi Peter Viertel, alimfuata wiki tatu hazijatimia.

Waswahili husema kawia ufike. Deborah Kerr alifika, ila kwa kuchelewa mno: alipopewa Oscar yake, filamu yake ya mwisho ilikuwa imekwishatimiza miaka tisa.