Imamu Ghazali na Ngazi za Fahamu ya Mtoto

Imamu Abu Hamid al-Ghazali alizaliwa Tus, katika Iran ya leo, mwaka 450 Hijria (1058). Baba yake alifariki yeye angali mdogo. Inasimuliwa kuwa yeye na nduguye Ahmad walilelewa na rafiki wa marehemu, na fedha zilipokwisha wakaingia madrasa wapate elimu pamoja na chakula. Mwaka 1091 yatima huyo akawa mwalimu mkuu wa Nidhamiya, Baghdad. Mwaka 1095 akauacha ukubwa huo.

Katika al-Munqidh ameeleza kuwa binadamu huujua ulimwengu ngazi kwa ngazi: kwanza kugusa, kisha kuona, kusikia na kuonja. Akikaribia miaka saba hupata uwezo wa kupambanua mambo, na akili hufuata. Katika Ihya akausia kuwa mtoto aachiwe acheze baada ya masomo, kwani kumnyima mchezo huua moyo wake.

Basi ndugu wazazi, tunapomchapa mtoto wa miaka miwili kwa kushikashika kila akionacho, tunamfungia mlango wa elimu aliofunguliwa na Mola wake.

Imamu alifariki Tus mwaka 505 Hijria (1111). Mwenyezi Mungu amrehemu. Amin.